Orest Wasylenko, Beki wa Kushoto

Mwaka umetimia leo, Orest, tangu moyo wako uliposimama ghafla, wewe ukiwa jikoni kwako, redio ikitangaza mechi. Verna, mkeo, ametaka mimi, kaka yako Myron, niandike. Amesema nisirembe.

Ulizaliwa katika nyumba ya mabeki wa hoki ya barafuni. Babu alikuwa beki, baba beki, baba mdogo Stefan beki mpaka goti lilipomkataa. Kila baridi ilipoingia, baba alimwaga maji uani hapa mjini Canora, Kanada, yakaganda, tukacheza mpaka vidole vikafa ganzi. Mimi peke yangu nilipenda kufunga magoli. "Huyu katoka wapi?" baba alikuwa akimuuliza mama. Mama akamjibu, "Katoka kwetu. Kwetu watu wana akili."

Ulicheza misimu kumi na minne ya kulipwa, ukafunga magoli kumi na moja tu. Hukujali. Kazi yako ilikuwa kusimama mbele ya golikipa na kupokea mapigo mbavuni. Ukirudi nyumbani ulikaa kwenye kigoda ukammenyea mama viazi vya pirogi, yale maandazi yetu ya kuchemsha, kimya, kana kwamba hakuna panapouma.

Machi 1984 timu yako na yangu zilikutana kuamua nani aende fainali. Nilipita kandokando ya ukuta wa uwanja nimeinamisha kichwa. Ukanigonga. Mfupa wangu wa mtulinga ulivunjika vipande vitatu, bega halikupona sawasawa, na mimi sikucheza tena. Mlishinda. Basi la timu yenu liliondoka jioni ile ile, nawe ukiwa ndani.

Miaka sita hatukusemezana. Krismasi mama alitupangia zamu, wewe mchana, mimi jioni, mpaka akachoka. Akatukalisha meza moja. "Nilizaa watoto wawili, sikuzaa timu mbili," alisema, akatoka na kufunga mlango.

"Niligonga kihalali," ulianza. "Refa mwenyewe hakupuliza filimbi."

"Nani kakuuliza habari za refa? Nililala hospitali siku tisa, Orest. Hata baba mdogo alikuja na goti lake bovu. Wewe ulikuwa wapi?"

Ulisukuma sahani yako kando.

"Nilikuja," ulisema. "Kesho yake, kwa gari la kuazima. Nikafika mpaka mlangoni. Nikakuona unajaribu kushika kijiko kwa mkono wa kushoto, supu inamwagika. Nikarudi."

"Beki mzima unakimbia supu?"

"Nilikukimbia wewe, kaka. Nisamehe."

Nilikuwa nimejiandaa kwa maneno mengine miaka yote ile. Hayo sikuyatarajia. Nilikusogezea bakuli la vitunguu, na mama aliporudi alitukuta tunakula.

Baada ya hapo tulifundisha pamoja timu ya wasichana ya mji huu miaka ishirini na miwili, binti yako Larissa akiwa mmoja wao. Wewe uliwafundisha kuzuia, mimi kufunga. Tulibishana mbele yao kila Jumamosi, nao wakacheka. Mtoto akiumia, hukumwacha hospitali peke yake hata mara moja. Ulikaa kwenye kiti cha pembeni, na koti lako zito, mpaka wazazi wake wafike.

Jumatatu ya wiki ile uliyotutoka ulinipigia simu.

"Ziwa limeshaganda?"

"Bado. Kwa tumbo lako hilo, utazama."

"Haya, nangoja."

Liliganda siku tuliyokuzika.

Unakumbukwa na mkeo Verna, binti yako Larissa na mumewe Clint, mama yetu Paraska, aliyetimiza miaka tisini na moja na bado anaulizia habari zako, baba mdogo Stefan, wasichana wote uliowafundisha, na mimi.

Hutatutoka moyoni, mdogo wangu, siku zote tulizobakiza.