Kalenda ya Lindole

Chiungutwa, Masasi
Jumapili mchana

Baba mpendwa,

Shikamoo. Magoti yanaendeleaje na baridi ya huko Muleba? Na Mama, dawa ya presha anaimeza kila siku au bado anasubiri kichwa kimuume kwanza? Mimi mwili ni mzima, moyo ndio haujatulia. Kwa kuwa kwenye simu hunisikii vizuri, nimeona nikuandikie, na barua ataileta mwalimu mwenzangu anayekuja huko likizo.

Nina mwanafunzi wa kidato cha pili anaitwa Fadhila. Muhula huu niliwapa darasa kazi ya kubuni nchi yao wenyewe. Wengine waliandika kurasa mbili wakachoka, Fadhila akajaza daftari zima. Nchi yake inaitwa Lindole. Iko ndani ya mawingu, haioni jua, kwa hiyo watu wake huhesabu siku kwa harufu. Kuna mwezi wa Moshi, mwezi wa Udongo Mbichi, mwezi wa Maua ya Mikorosho. Jumla miezi kumi na minne, kila mmoja siku ishirini na sita. Piga hesabu, Baba, utaona inabaki siku moja. Siku hiyo haina mwezi wala harufu, na mkubwa wa nchi huanguka kutoka mtini ili achaguliwe mwingine.

Nilifurahi mno. Nikamwambia aichore kwenye karatasi ya manila, na kando ya kila siku ya Lindole aandike tarehe yetu. Wazo hilo la tarehe lilikuwa langu, si lake. Nikaibandika ukutani darasani.

Siku isiyo na mwezi iliangukia Jumanne. Jumanne hiyohiyo Baba Hadija, mwenyekiti wetu wa kitongoji, alipanda mkorosho wake kuupogoa, tawi likakatika, akavunjika mguu. Hadi saa nane mchana kijiji kizima kilikuwa kinasema Fadhila alishaandika.

Kesho yake hakuja shule. Nikaenda kwao. Mama yake alikuwa anapepeta mahindi, hakuniangalia usoni. Mjomba wake, ambaye huku ndiye mwenye kauli juu ya mtoto, alikuwa amefika kwa pikipiki kutoka Lisekese.

"Mwalimu, hatukulaumu, wewe ni mgeni," akasema. "Jumamosi nampeleka Newala kwa mganga akaangaliwe. Shule baadaye."

"Mjomba, ile ni hadithi tu. Mimi ndiye niliyemwambia aandike tarehe."

"Na mtu kuanguka, nani alimwambia aandike?"

Fadhila alikuwa amekaa mlangoni, amekumbatia magoti. Akaniuliza kwa sauti ndogo, "Mwalimu, ni mimi niliyemwangusha?"

Nilimwambia hapana, lakini niliona hajaniamini. Chakula kilinishinda siku mbili. Ijumaa nikaomba ruhusa, nikapanda bodaboda hadi Masasi hospitali alikolazwa Baba Hadija, nikamweleza yote. Nilitegemea anifokee. Alicheka mpaka maumivu yakamkatisha.

"Mwalimu, tawi lile limeliwa na wadudu tangu mwaka jana. Mama Hadija alinikataza, nikamwambia hajui mikorosho. Sasa mtoto wa watu apelekwe Newala kwa ubishi wangu?"

Akaomba simu yangu, akampigia mjomba. Mengi yalikuwa Kimakonde, sikuelewa. Mwishoni alihamia Kiswahili, nadhani ili nami nisikie: "Nikitoka hapa nikute mtoto yuko darasani."

Basi hakupelekwa. Jumatatu iliyopita alirudi. Lakini wasichana wawili waliokuwa wakikaa naye wamehama dawati, na mjomba amemwambia mama yake Fadhila kwamba likitokea jingine hatamsikiliza mtu. Mkuu wa shule aliniagiza niitoe kalenda na kuichoma. Nimeitoa. Kuichoma nimeshindwa, iko chini ya godoro langu. Siku hizi hodi ikipigwa nashtuka, nadhani kuna mtu ameumia mahali. Juzi mtoto wa jirani alipata homa, nikakesha hadi niliposikia ni malaria.

Fadhila haandiki tena. Ijumaa nilimuuliza watu wa Lindole hawajambo. Akasema, "Nimewasimamisha, Mwalimu. Wamekaa tu. Naogopa kuwapa kesho."

Baba, umefundisha watoto maisha yako yote. Ungemjibu nini? Tafadhali usiniambie atasahau.

Nisalimie Mama, na shangazi hapo jirani anayemletea maziwa. Mdogo wangu Deo mwambie aache kunitumia vichekesho kwenye simu wiki hii, sina kicheko. Bibi mshike mkono kwa niaba yangu. Yeye usimsomee barua hii, atataka nirudi nyumbani, na mimi kumwacha mtoto huyu sasa siwezi.

Ni mimi binti yako mwenye wasiwasi,
Adela