Mtoto Aliyeamkiwa Shikamoo

Busawe, Serengeti

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Mimi napumua na ugali nakula, na mjukuu wako Marwa ana afya, ingawa ni yeye huyo huyo anayeninyima usingizi, utaona huko mbele. Miguu yako je? Na mihogo ya huko kwetu Nyarero imeshika, au ngedere bado wanajipakulia wenyewe?

Utajiuliza kwa nini barua wakati simu ninayo. Simu inapita hewani, Mama, na hewa ya huku ina wenyewe. Nyuki akitua karibu nami nikiongea na mtu, jioni mama mkwe ananijibu maneno ambayo sikumwambia yeye. Ndiyo maana nimeandika, nikampa yule mama wa mitumba anayepita kwenda Sirari, baada ya kumchunguza mpaka akakasirika.

Unakumbuka mama Wankuru, huyu mama mkwe wangu, alivyotoa ng'ombe akanioa nyumba ntobhu, mwanamke kumwoa mwanamke, nimzalie mtoto wa kuendeleza jina la marehemu mume wake. Nimemzaa, akaitwa Marwa kama marehemu. Ila hakuna aliyeniambia kwamba marehemu aliacha bonde la udongo mweusi kando ya mto bila kuligawa. Mdogo wake, mzee Nyamhanga, analitaka lote. Mama mkwe naye analitaka lote. Kati yao kuna mstari wa mikonge, na mikonge hiyo inatembea. Sisemi watu wanaihamisha. Nimeiona kwa macho yangu mchana kweupe nikipalilia, ulijivuta mmoja, wa pili ukafuata, mizizi inaburuza udongo. Nyamhanga akikohoa inakuja kwetu, mama mkwe akisonya inarudi kwake. Majirani wanapita wanasema mmeamkaje, kana kwamba hawaoni kitu. Hata hao nina mashaka nao.

Mahindi yalipoanza kubeba, vita ikawaka waziwazi. Asubuhi moja Nyamhanga alisimama upande wake na koti lake la kanisani, akainua usinga. Wingu likaja likakaa juu ya bonde letu tu, kwa jirani jua linawaka na nguo zinakauka kambani. Ikashuka mvua ya mawe makubwa kama mayai ya kanga. Mama mkwe hakukimbia. Alifungua mizinga yake yote, nyuki wakapanda wakatanda juu ya mahindi, na kila jiwe lililoshuka wakalidaka hewani. Wakayabeba, Mama, wakavuka nayo hadi kwa Nyamhanga, wakayaachia juu ya mabati yake mapya. Mzee akainua usinga tena. Safari hii mawe yalikuja na moto wa bluu ndani yake, nyuki wakaanza kuanguka wakiungua, bonde zima likanuka asali iliyoungua.

Hapo mama mkwe akanigeukia.

“Bhoke, mlete Marwa. Mweke chini hapo katikati.”

“Katikati ya mawe?”

“Hawezi kuguswa.”

“Umejuaje?”

Akanionyesha mahali kwa kidole. Upande wa pili Nyamhanga naye akaita, kwa sauti tamu ambayo sijawahi kuisikia kwake: “Mlete huku kwangu basi, binti. Huku hakuna nyuki.”

Niliwaangalia wote wawili. Watu wasiosalimiana wanataka kitu kimoja, tena wanakiomba kwa upole. Nikakaza kanga niliyombebea mtoto mgongoni, nikaanza kurudi nyumbani.

Sikufika mbali. Mtoto akaanza kuwa mzito. Huyu ninayembeba kila siku, nikahisi nimebeba mwanamume mzima aliyeshiba, nikashindwa kupiga hatua. Wewe unajua Marwa anasema mama na maji, basi. Lakini nyuma ya shingo yangu ikatoka sauti nzito ya mtu mzima: “Wankuru, Nyamhanga, nyamazeni. Huku juu ni kwa mke wangu. Kule mtoni ni kwa mdogo wangu.”

Wingu likatawanyika. Nyuki wakatua. Na wale wazee, ambao hata mwenyekiti wa kijiji wanamsubiri awaamkie kwanza, wakavua viatu wakainama.

“Shikamoo, kaka,” alisema Nyamhanga.

“Shikamoo, mume wangu,” alisema mama mkwe.

Mtoto akaitikia marahaba, kisha akalala. Nilisimama katikati yao kama mti wa kuning'inizia kibuyu. Hakuna aliyeniuliza nimeumia au vipi.

Tangu hapo ni amani tupu. Mikonge imetulia. Nyamhanga analeta maziwa, wamechinja mbuzi wakapika kichuri, ule mchuzi mchungu wa matumbo, wakamtengea mtoto kabla ya wazee wote. Kila mtu amepata sehemu yake, mimi nimebaki namchunguza mwanangu. Akicheka najiuliza nani anacheka. Jana alikataa uji, akaniangalia kama mtu anavyomwangalia mkwe aliyechelewesha chakula. Baadaye akajikwaa, akalia, akaja kunyonya, nami nikalia pamoja naye. Nampenda, Mama. Nataka tu kujua kama ni wangu, au tumbo langu lilikuwa njia ya mwenye bonde kurudi.

Kuondoka nimefikiria. Lakini ng'ombe wale ndio kaka Chacha aliowatoa akaoa, na sijui nyumba yake itasimama vipi nikirudi hapo na mtoto mgongoni. Tena sijui kama mtoto mwenyewe atakubali kuondoka.

Msalimie kaka Chacha na mke wake, uwaambie mtoto wao asipewe jina kabla sijajua ni la nani. Msalimie shangazi Ghati muuza dagaa, na mama mdogo wa Kewanja akija kukutembelea. Mwalimu wa kwaya mwambie bado naimba, ila kwa sauti ya chini.

Kuna swali nimelisogeza mpaka huku mwisho kwa sababu mkono ulikuwa unalikataa. Siku walipokuja kuniposa, mama Wankuru aliomba kuzungumza na wewe peke yako jikoni. Mlikaa sana. Ulipotoka ulikuwa unafuta macho, ukatuambia ni moshi. Mama, chakula cha wageni siku ile kilipikwa kwa shangazi Ghati. Jikoni kwetu hapakuwashwa moto. Alikuambia nini?

Ni mimi mwanao,
Bhoke