Sinema ya Wachina Waliotembea Wakiimba

Jumapili, Kitaji. Mawingu mazito juu ya ziwa, mvua haitaki kuamua.

Natangaza rasmi, kwa masikitiko makubwa, kwamba kandambili yangu ya kushoto imekatika. Mazishi ni jalalani, jioni. Ya kulia inaendelea vizuri.

Ndiyo maana nilikuwa ndani simu ilipolia. Magesa kanitumia sinema. Ile ya Wachina, wanajeshi wanavuka milima ya theluji huku wanaimba kama kwaya ya Pasaka. Chini kaandika: "Komredi, unakumbuka tulivyotembea?"

Tulivyotembea!

Miaka ile sabuni tulikuwa tunaisikia redioni tu. Gari la sinema lilikuja Manyamanyama, kwetu Bunda, wakatundika shuka kwenye ukuta wa ghala la pamba. Katikati ya theluji jenereta likaishiwa mafuta. Magesa, rafiki yangu wa kulala kitanda kimoja tangu utotoni na kiongozi wa kwaya yetu ya vijana, alikuwa ameshaiona yote Musoma. Akatumalizia kwa mdomo: "Walitembea wote mpaka mwisho. Mkubwa, mdogo, hakuna aliyepanda kitu!"

Tukalia. Mimi nililia kwa sauti.

Basi kwaya ikaamua kutembea, Bunda hadi Butiama, tukiimba kama wale. Wakubwa wa chama wakaahidi nafasi moja ya kazi, kiwanda cha nguo Musoma, kwa atakayetangulia kufika kwa miguu. Niliitaka kazi ile kuliko ndoa.

Tulipofika Kiabakari, Magesa akasema anaingia kichakani kujisaidia, tutangulie. Tukatangulia. Baadaye likatupita lori la pamba lililofunikwa turubai, tukalipungia mikono.

Butiama tulimkuta jukwaani, shati limenyooka, ananukia sabuni.

"Ninyi nanyi, mnatembeaga kama mnasindikiza maiti!" akatutania kwenye kipaza sauti. Watu wakacheka. Kisha akahutubia juu ya malengelenge ya miguu. Yangu yalikuwa yanavuja.

Nikapiga makofi. Mpaka leo sijui kwa nini.

Kazi akapata yeye. Mimi nikarudi kwenye pamba ya baba.

Lori nilishamsamehe, Kwaresma baada ya Kwaresma. Kinachonikaba ni kwamba alitutoa machozi kwanza.

Leo, kwa mara ya kwanza, nimeiangalia sinema mpaka mwisho. Theluji ikaisha, wimbo ukapanda, kamanda akatokea mbele ya watu wake.

Yuko juu ya farasi.