Juu ya Mwamba

Buffalo, 16 Oktoba 1972

Wifi yangu Filomena,

Hamjambo huko kisiwani Pico? Miguu ya Mama bado inamsumbua? Sisi wazima, ila Odília anaota meno, hatulali.

Jana kaka yako kapiga mpira wa mwisho kabisa, muda unakaribia kuisha. Wifi, aliupaisha juu ya mwamba ukaangukia kule kwa watazamaji! Uwanja mzima ukasimama. Wenzake wakambeba. Mimi nililia mpaka mtoto naye akaanza kulia. Kocha kasema hamtoi. Akidumu mpaka msimu uishe, kiangazi tunakuja mmpakate mtoto wenu. Wasomee wote, hata Baba akijifanya hasikii.

Wifi yako,
Deolinda

Pico, 8 Novemba 1972

Wifi Deolinda,

Sisi hatujambo, Mama anafika kanisani bila fimbo. Mpake mtoto asali kwenye fizi.

Poleni jamani. Niliisoma barua mezani, Mama akaacha supu yake ipoe. Dakika ya mwisho, watu wote wale, mtu anapaisha! Na kubebwa, kaumia mguu? Hata mlifungwa ngapi hukusema, nikajua ni aibu. Belmira jirani akasema, "Kumbe Amerika wanaajiri hata wapaishaji?" Nikamjibu, "Mumeo mbona hata benchi hajawahi kulikalia?"

Lakini sikia. Baba hajalitaja jina la kaka Zeferino tangu aiache timu yake ya kijiji akapanda meli. Siku hiyo akaweka kijiko chini. "Mwambie asiegemee nyuma. Auinamie mpira. Chini, chini." Akatoka nje. Mama kajishika kifua. Wifi, mpe maneno hayo kama yalivyo.

Wifi yako,
Filomena

Buffalo, 12 Desemba 1972

Wifi,

Natumaini mu wazima. Hii isome peke yako, hata ukajifiche zizini.

Mpira wa huku ni mwingine. Lazima upite juu ya mwamba, katikati ya nguzo. Ukipita chini, kazi bure. Siku ile kaka yako ndiye aliyewapa ushindi! Mimi nimezoea, sikukumbuka kueleza.

Barua yako nilimsomea Jumapili asubuhi. Alicheka mpaka akashika mbavu. Kisha akasema, "Rudia pale pa Baba." Nikarudia. Akaingia bafuni, akafunga mlango.

Mchana wake ndiyo akapewa mpira wa mwisho. Ukaenda chini, ukagonga mikono ya wale majitu wanaoruka mbele yake. Jumatatu kocha akamwachisha kazi. Mwenyewe anasema ni uwanja, uliganda barafu. Lakini nilimwona, wifi. Aliinama. Laiti ningengoja jioni ndipo nimsomee!

Safari ya kiangazi haipo tena. Baba asijue.

Wifi yako,
Deolinda

Pico, 6 Januari 1973

Wifi mpenzi,

Afya zetu si haba. Nililia zizini kama ulivyoniagiza, ng'ombe wakinitazama.

Mezani nikasema tu mnatusalimu. Baba hakugusa mkate. "Maneno yangu yalifika?"

"Yalifika, Baba."

"Aliinama?"

Ningefanyaje? Nikasema, "Aliinama."

Wifi, alicheka! Mzee yule! Akafungua dirisha akamwita Belmira: "Wee! Mwanangu ananisikia!" Sasa kanikalisha niandike. Mvua ikinyesha, apunguze hatua. Mguu wa kusimamia uelekee kule anakotaka mpira uende. Anasema ana mengine, atatuma.

Nimwambie kweli? Amueni ninyi.

Wifi yako,
Filomena

Buffalo, 29 Januari 1973

Wifi yangu,

Mama hajambo? Odília meno yametoka, sasa anatembea kwa kushika viti. Kaka yako kazunguka timu nyingine, zote zinasema zitamwita. Haijaita hata moja, lakini mimi bado nasikilizia simu. Kwa sasa anapakia magunia kwenye kinu cha unga.

Nilimsomea yale ya mvua na mguu. Alikuwa ndiyo anaingia, unga umemjaa kwenye nyusi. Nikamuuliza, "Tumwambie Baba?"

Alimbeba mtoto aliyekuwa akimvuta suruali. Kisha akasema, "Andika hivi. Na upepo ukivuma kutoka kushoto, nifanyeje?"

Hii wasomee wote, kwa sauti.

Wifi yako,
Deolinda