Mvua Iliyokataa Kushuka

Jumatatu, 5 Mei

Nimeweka mbolea mistari kumi na minne ya mahindi. Mgongo umekufa. Kamau aliahidi kusaidia, kisha akaenda Eldoret kutafuta spea ya pikipiki. Mume wangu na spea zake.

Saa tisa wingu likaja. Ngurumo. Harufu ya mvua. Halafu hakuna kitu. Nikaangalia juu. Matone yamesimama hewani, juu kidogo ya mikaratusi. Hayashuki. Na kando ya jua kuna duara jeusi, dogo, kama tundu la kaa la moto kwenye nguo.

Sikuita mtu. Nilidhani ni macho yangu.

Jumatano, 7 Mei

Si macho yangu. Ni Cheptiret yote, na wanasema mpaka kule Sugoi. Redio inasema wataalamu wanachunguza. Mvua inanyesha kila alasiri na kusimama juu ya ile ya jana. Huku chini mahindi yanakunja majani. Maji tunayaona na hatuyapati. Inaudhi kuliko kiangazi. Kamau anapiga video tu. Amefunga ndoo kwenye mti mrefu, akapata maji ya kunawa uso.

Jumamosi, 10 Mei

Yanakaribia. Juzi matone yalikuwa juu ya mikaratusi. Leo matawi ya juu yamo ndani. Jua linapita kama kwenye chupa ya soda.

Haya yote yatashuka siku moja, kwa pamoja. Bonde ndilo litaenda kwanza. Kogo anaishi huko, nyumba ya udongo kando ya kijito, chini ya shamba letu. Kogo ni nyanya kwa Kikalenjin, na kila mtu humwita hivyo. Mjane, ana ng'ombe mmoja.

Nimemwomba ahamie kwetu kwa siku chache. Akasema, "Mvua haijaniua tangu nizaliwe." Akanipa chupa ya maziwa, akarudi ndani. Nimepanda kilima nikiongea peke yangu.

Jumatatu, 12 Mei

Baraza. Nikasimama, nikasema watu wa bondeni wahame. Chifu akasema tungoje maagizo kutoka juu. Mzee Barasa, anayeishi karibu na Kogo, akauliza, "Juu wapi, huko kwa mvua?" Watu wakacheka mpaka wakapigana mabega. Nikaketi. Kamau aliangalia viatu vyake. Nyumbani ndipo alipopata mdomo: eti ninamwaibisha.

Jumatano, 14 Mei

Kiprono amepiga simu kutoka Nairobi. Mwana wa Kogo. Hakunisalimia. "Mama Njeri, nimesikia unamtisha mama atoke. Ni shamba unataka?"

Miaka ishirini na miwili niko hapa. Baba yake alipokufa nilipika chai ya matanga siku nne. Na bado mimi ni mtu wa kutoka Nyeri. Nikamwambia aje amtoe mwenyewe. Akakata simu.

Nimelia jikoni. Hasira tu. Basi akae huko afe. Nimeandika hivyo na sifuti.

Alhamisi, 15 Mei

Bega linauma lakini nitaandika.

Asubuhi lile duara jeusi kando ya jua lilikuwa limepungua, kama kifungo cha koti. Saa tano lilikuwa kama punje ya mtama. Matone yakaanza kutikisika. Nikaelewa: kinachoyashika kinaondoka. Sikuwa na maneno mengine ya kumwambia mtu yeyote. Nikashuka mbio bondeni, nikamfungua ng'ombe wa Kogo, nikampandisha kilima nikimchapa.

Kogo akatoka na fimbo. Akaita mwizi. Bonde lote likatoka, wanaume, akina mama na watoto mgongoni, nyuma yangu. Mtu akanirarua sweta. Sikusimama. Fimbo ya Kogo ilinipata begani mara mbili, na hata hivyo nilikuwa nawaza, njoo, njoo, endelea kunipiga.

Tulifika kwetu. Duara likapotea.

Sauti ile siwezi kuiandika. Haikuwa mvua. Ni kama lori la kokoto kumwagwa juu ya bati, bila kuisha. Kamau alituvuta ndani mmoja mmoja. Kulipotulia, nikafungua mlango. Nyumba ya Kogo haipo. Hata mawe ya jiko.

Waliokuja kunikamata wako hai wote. Mzee Barasa alibaki kwake kwa sababu ya goti. Hajapatikana.

Jumamosi, 17 Mei

Wamempata Mzee Barasa karibu na daraja. Nilipaswa kupita kwake. Nilikuwa na mikono miwili na ng'ombe mmoja, lakini nilipaswa kupita kwake.

Chifu amekuja na daftari, anaandika majina. Akasema jambo hili hakuna aliyelitarajia. Nikamwangalia. Akaandika haraka, akaenda.

Mahindi yote yamelala. Udongo mzuri umeenda na mbolea yangu.

Kiprono amefika jioni. Amenisalimia kwa mikono miwili. Hakuomba msamaha. Alileta unga, nikaupokea.

Jumatano, 21 Mei

Tumemzika Mzee Barasa. Akina mama walinipisha nikae mbele. Sikutaka kukaa mbele. Kuna aliyeninong'oneza kwamba nilioneshwa na Mungu. Sikuoneshwa na mtu. Niliangalia miti. Kila mtu hapa ana miti.

Jumapili, 25 Mei

Kogo amekataa kwenda Nairobi na Kiprono. Analala chumba cha binti yangu Njeri, kwa kuwa Njeri yuko chuo. Hajanishukuru. Anasema chai yangu ina maji mengi.

Baada ya kanisa nilichukua jembe. Mahindi yamechelewa, nitajaribu maharagwe. Nikasikia mtu nyuma yangu. Ni Kogo, anadondosha mbegu kwenye mashimo, tatu tatu, anafukia kwa mguu. Mstari wa pili alichoka, akaketi kwenye nyasi. Nikaketi naye. Alinisogezea kitambaa chake nikikalie, kwa sababu chini kulikuwa na unyevu bado.

Tumemaliza mistari mitano.