Waranti ya Gari la Baba

4 Machi

Mdogo wangu,

Nakusalimu, na Baba anakusalimu kutoka kitandani, anasema usilale bila kula. Vipi mwili? Vipi macho na huo moto wa kuchomelea vyuma? Huku tupo. Mimi mgongo tu. Shule zinafunguliwa na kila mama anataka sare ya mwanawe iwe tayari jana. Baba anakwenda kusafishwa damu Jumatatu na Alhamisi kama kawaida. Akirudi analala hajiwezi, kesho yake anaamka na maneno yake yote.

Sasa gari. Usishtuke, hatukupata ajali. Alhamisi tukitoka hospitali, ile taa nyekundu ya oili yenye picha ya birika iliwaka, ikazima, ikawaka tena. Halafu injini ikaanza kugonga, ko ko ko, kama mtu anabisha hodi hana subira. Nikaegesha pembeni nikazima. Baba akasema twende tu, pamebaki karibu. Nikakataa. Tumevutwa mpaka nyumbani na gari la muuza magodoro, na njia nzima Baba alikuwa anampigia kelele yule bwana jinsi ya kukata kona. Unamjua.

Fundi wa kona amekuja akatega sikio, akasema niachieni nifungue nione. Nimemwambia asubiri. Si ulisema siku unalinunua kwamba gari jipya lina waranti, injini ikiharibika ndani ya miaka mitatu kiwanda kinatengeneza? Na kitabu chake ulikwenda nacho huko kambini kwenu darajani, eti mimi nitakipoteza kwenye vitambaa. Haya, kifungue unisomee. Ni injini yote, au kuna maneno ya chini chini? Nijibu upesi. Bila gari sijui Baba nitamfikishaje hospitali. Basi lilishamshinda, unakumbuka alivyoanguka mlangoni.

Ni mimi,
Dada yako


15 Machi

Dada,

Shikamoo, na shikamoo Baba. Barua yako imekuja na lori la chakula, chini ya magunia, nimeifungua ikamwaga unga mapajani. Mimi mzima. Macho yanalia kila jioni, lakini hapa wachomeleaji wote tunalia, na daraja halituonei huruma.

Nimekisoma kitabu Jumapili nzima, mara mbili. Kimeandikwa na mtu asiyependa kuulizwa. Nilichoelewa ni hiki: waranti si bima, na si ahadi kwamba gari halitaharibika. Ni kiwanda kinasema, tukikosea sisi tutalipa sisi. Kwa hiyo kila ukurasa unazunguka swali hilohilo, nani kakosea. Kama kitu cha ndani ya injini kimetengenezwa vibaya, pistoni, vali, krankshafti, pampu ya oili, wanabadilisha bure, kifaa na kazi yake. Vitu vinavyoisha kwa kutumika, kama filta, plagi, mikanda na oili yenyewe, ni juu yetu.

Halafu kuna ya kukunyima. Ukiruka servisi, umejinyima. Ukiendelea kuendesha taa nyekundu inawaka, umejinyima, na hapo ulifanya jambo la maana sana kuzima, ungemsikiliza Mzee tungeumia. Fundi mwingine akifungua injini kabla yao, umejinyima. Ukitia oili isiyo ya aina waliyoandika, vivyo hivyo.

Lakini servisi zote umefanya kwao, mihuri ipo. Sisi tumo ndani, Dada. Lipeleke kwenye gereji ya kampuni likiwa limebebwa, usiliwashe tena. Watakupa karatasi ya kutia sahihi kwamba wakifungua wakakuta kosa si la kiwanda, gharama ya kufungua ni yetu. Tia sahihi tu. Hatuna la kuogopa.

Mdogo wako


27 Machi

Mdogo wangu,

Hujambo huko? Baba anauliza hilo daraja lenu linaisha lini, au mnajenga la kufika mbinguni. Mimi nimechoka, nakwambia ukweli. Nimeshona mikono ya sare upande uleule mara mbili wiki hii, mtoto angevaa angeonekana anaaga watu.

Nimelipeleka gari kama ulivyosema. Baba alikataa kubaki. Gereji yao ni safi mpaka unaona aibu kukanyaga, viti vya plastiki vimepangwa mstari, kuna televisheni inayosema peke yake. Msimamizi ni bwana mwembamba, mpole. Akauliza maswali yake: lilizimika? taa iliwaka muda gani? Nikajibu, na yote yanaangukia upande wetu. Akauliza, kuna oili yoyote iliyoongezwa nje ya servisi? Nikasema hapana, kwa roho safi kabisa.

Baba akakohoa. "Ipo," akasema. "Nimeongeza mimi."

Nikamgeukia. Nikadhani homa. Lakini Baba alikuwa amekaa wima anaeleza, kwa ile sauti yake ya kuwafundisha mataniboi alipokuwa dereva wa malori. Kwamba alichomoa kijiti cha kupimia, akaisugua oili kwa vidole, akaikuta nyepesi kama maji ya kunawa. Kwamba miaka yote ya malori hakuwahi kuona injini ikiishi kwa oili ya namna ile. Basi kila Jumamosi mimi nikiwa sokoni alikuwa anatia kidogo, ile nzito ya malori, ili gari la mwanawe lidumu. Kopo lenyewe alilificha nyuma ya mlango wa jiko, na mimi kila siku nafagia hapo nikidhani ni mafuta ya taa.

Yule bwana hakucheka wala hakumkaripia. Ameandika, akasema magari ya sasa yanataka oili nyepesi, mzee, lakini kuongeza oili peke yake hakuui waranti. Watafungua waone kilichoharibika ni nini na kimeharibiwa na nini. Kama ni oili ya Baba, ni sisi. Kama ni kingine, ni wao. Nimetia sahihi.

Kwa sasa tunakwenda hospitali na muuza magodoro siku akiwa na safari. Siku akikosa, tunakodi. Nimejibana mpaka pa mwisho.

Dada yako


8 Aprili

Dada,

Salamu. Mimi sina nafuu, lakini tuyaache hayo.

Nimesoma barua yako nikaitupa, nikaiokota, nikaisoma tena. Miaka mitano niko kwenye vumbi hili, nalala chini ya bati, nimenunua kitu kimoja tu maishani mwangu, na nimekinunua kwa ajili yake. Kila kitu kilikuwa upande wetu! Mihuri, taa, kila kitu. Halafu Mzee anajitokeza na kopo lake. Na kama haitoshi, anakwenda kujichongea mwenyewe mbele ya watu wa kampuni. Nani alimwuliza yeye? Aliulizwa dereva.

Mwambie asiguse lile gari tena. Asifungue boneti, asishike kijiti, asitoe ushauri. Dunia ya malori imekwisha na yeye amekwisha nayo, akubali. Mtu mgonjwa kazi yake ni kukaa apelekwe.

Mdogo wako


2 Mei

Mdogo wangu,

Natumai mzima. Sikukuandikia mapema kwa sababu sikuwa na neno ambalo ningelitaka mwenyewe nikilisoma baadaye.

Unajua barua zako huwa nazisoma kwa sauti. Tangu Mama akiwa hai, barua katika nyumba hii haisomwi na mtu mmoja akaimaliza peke yake. Unajua pia kwamba sisomi kwanza, kwa kuwa Baba husema barua iliyosomwa ni kama chai iliyopoa. Siku ile nilikuwa nimetoka kukata vitambaa tangu alfajiri. Nikakaa kitandani kwake, nikafungua, nikaanza. Nilipofika kwenye kopo nikaona hatari. Nikaruka. Baba akasema, "Umeruka." Nikasema hapana. Akasema, "Mwanangu, mimi nakujua ukisoma na nakujua ukitunga. Soma ilivyoandikwa."

Nikasoma. Yote. Ungenisikia ninavyomwambia baba yangu kwa mdomo wangu mwenyewe kwamba amekwisha.

Akaniuliza kama nimekula. Basi.

Toka siku hiyo Baba hamkosoi mtu. Muuza magodoro anakata kona vibaya, Baba anaangalia dirishani. Nilidhani atarudi mwenyewe, Baba hununa siku mbili akachoka. Hapana. Na wiki iliyopita Alhamisi, gari la kukodi liko mlangoni, akasema haendi. Akasema amechoka kubebwa kama gunia na kula jasho la watoto wake. Nimebembeleza, nimelia, nimegomba. Hakwenda. Ijumaa miguu ilivimba, pumzi ikawa inamkatika, na daktari wake aliniambia wazi kwamba akikosa mfululizo, hatuna wiki mbili. Jumatatu alikubali kwa shingo upande. Alhamisi hii sijui. Kila asubuhi ya kwenda naamka roho mkononi.

Gereji bado hawajajibu. Nakwambia kweli, mwanzoni lile gari lilikuwa linaninyima usingizi, sasa siku nyingine nasahau hata kwamba lipo.

Dada yako


14 Mei

Dada,

Hii usiisome kwa sauti, nakuomba.

Nimeumia moyo. Sikukusudia afike kule. Nilikuwa nimetoka zamu mbili, macho yameungua, nikaandika kama mtu anayesema peke yake. Unisamehe kwa kukusomesha maneno yale. Mbembeleze aende hospitali, tafadhali, mwambie hata uongo. Nitatuma nauli ya kukodi. Nijulishe gereji wamesemaje.

Mdogo wako


30 Mei

Mdogo wangu,

Afya yangu ni ya kusimama tu. Barua yako niliisoma kimya chumbani kama ulivyotaka, na Baba aliona bahasha mkononi mwangu. Akangoja. Nikamwambia ni risiti ya vitambaa. Hakuuliza tena. Usinifanyie hivyo tena, umenifanya mwongo katika nyumba yangu.

Na mimi nimesamehe, lakini si mimi uliyemwambia amekwisha.

Gereji wamejibu. Kaa chini. Kilichoharibika ni pampu ya oili. Ndani yake mna vali ndogo, ilitoka kiwandani ina kasoro, ikawa inakwama na kuachia, inakwama na kuachia, mpaka oili ikawa haifiki juu. Beringi za krankshafti zikalika, ndizo zilizokuwa zinagonga. Yule bwana mwembamba alinionyesha kwa kidole. Anasema oili nzito haikuisaidia injini, lakini haikuwa chanzo, vali ile ingekwama hata ungetia asali. Na kampuni inaijua kasoro hiyo, wameshaikuta kwa wengine. Wamebadilisha pampu, krankshafti na beringi zake, hatukulipa kitu zaidi ya oili na filta. Waranti yako imefanya kila ulichosema itafanya.

Akaniambia na hili: kwamba Baba kusema ukweli kulimsaidia. Wangeikuta oili ngeni bila maelezo, wangedhani tunaficha mengine, na kesi ingekwenda ngazi za juu ikalala huko.

Nikarudi na gari linanguruma vizuri, nikapiga honi mlangoni kama mjinga. Nikamweleza Baba yote, nikasimama nikimngoja acheke. Akasema, "Vizuri. Mwandikie, afurahi." Nikamwambia toka basi ulisikilize, hata kwa mbali. Akasema hajui magari ya siku hizi. Baba! Ambaye alikuwa akisikia lori linapita barabara ya juu anakwambia linataka kurekebishwa breki.

Alhamisi iliyopita amekosa hospitali tena.

Mimi sina waranti ya mtu. Sina pa kumpeleka wamfungue waone kasoro iko wapi, na hata ningekuwa napo, iko wapi tunajua. Sitaki nauli. Sitaki barua ya siri. Gari limepona, na mimi namuuguza baba yetu peke yangu na nimechoka, nimechoka mpaka mifupa.

Dada yako


9 Juni

Baba,

Shikamoo. Barua hii ni yako, lakini Dada aisome kwa sauti, na asiruke.

Sijui kama miguu imepungua. Sijui kama jana ulikwenda. Nakuandikia nikiwa sijui, na ndiyo adhabu yangu.

Nilisema umekwisha. Niliandika maneno hayo kwa mkono wangu na siwezi kuyafuta, maana umeshayasikia. Naomba radhi, Baba. Si kwa sababu pampu imekuonyesha huna kosa. Hata ingekuwa ni lile kopo lako lililoua injini yote, bado yasingekuwa maneno ya kumwambia wewe. Liliulizwa swali ambalo hukuulizwa wewe, ukalijibu, huku ukijua linaweza kukugharimu gari. Mimi nikiwa kwenye kiti kile cha plastiki, ningenyamaza. Nimejipima na hapo ndipo nilipoanza kuona haya.

Nimeomba ruhusa kwa msimamizi wetu wa daraja, amegoma, nimeomba tena, amekubali kwa manung'uniko. Barua hii inatangulia leo na lori la chakula, na safari yake ijayo ya mjini nitakuwa juu yake.

Nina ombi. Baba, mimi sijui kuendesha gari. Nimelinunua, nimelisomea kitabu, nimelitolea amri, na sijawahi kukaa kwenye usukani hata dakika. Nifundishe. Nikikosea unitukane kama ulivyokuwa unawatukana mataniboi wako. Ukiwa umechoka, tutakaa tu ndani, limezimwa, tuongee.

Lakini kwanza nenda hospitali Jumatatu. Nenda na Alhamisi, hata kama mimi sijafika, hata kama umeninunia. Nenda, Baba. Nataka nikukute.

Mwanao