Thomasi Anaomba Moto

Ngorongoro, 18 Aprili 2024

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Mgongo unaendeleaje? Mimi mzima. Kambi imefungwa kwa masika, nimebaki mlinzi peke yangu na ukungu. Mnara wa simu umekufa, ndiyo maana Mepukori, dereva wetu, anakuletea barua.

Jiko la mkaa siliwashi. Tangu nilipoliingiza chumbani hapa kambini, hewa yake ikamuua mdogo wangu Thomasi, nakula mikate mikavu. Mama, namsikia akikohoa chumba cha pili.

Mwanao, Silvanus

Mbulumbulu, 24 Aprili

Mwanangu Silvanus,

Marahaba baba. Mgongo una kiburi kama wewe. Pokea maharage na sweta. Mlinzi hakimbii tembo, anakimbia jiko! Nisipokutania nitalia. Thomasi tulimzika Februari, na wewe ulishika koleo. Njoo nyumbani.

Mama yako

Ngorongoro, 2 Mei

Shikamoo Mama,

Sweta nimempa Thomasi. Anakaa kitandani kwake, anaomba moto kwa upole, unajua hana makuu. Nilimuua mimi, nitamnyimaje? Nimeziba mlango kwa gunia. Kesho nitawasha, tuote wote. Nakupenda sana.

Mwanao, Silvanus

Mbulumbulu, 6 Mei

Silvanus, baba,

Leo sisalimii. Barua yako imekwama siku nne kwenye tope. Nakuja na Mepukori sasa hivi, na hii nitakupa mkononi maana mdomoni sitaweza.

Siku ile ulinipigia simu, Thomasi anaumwa, anatetemeka. Nikakuambia ingiza jiko, funga dirisha, kama tunavyofanya huku baridi ikizidi. Msibani walikulaumu wewe, nami nikainamisha kichwa. Ni mimi, mwanangu. Nisamehe.

Mama yako

Karatu, hospitali, 19 Mei

Shikamoo Mama,

Simu yako haipatikani, u mzima? Mimi nalala vizuri. Daktari anasema wewe na Mepukori mlinikuta hai kwa sababu mkaa ulikuwa umelowa. Nilinyamaza msibani nisikupoteze na wewe. Sikuwahi kukuchukia hata siku moja. Tangu ulipokiri, kikohozi sikisikii tena. Jumamosi narudi.

Mwanao, Silvanus

Mbulumbulu, 22 Mei

Mwanangu mpendwa,

Marahaba. Nashukuru Mungu umepona. Simu nimeizima, ilikuwa inamwamsha. Usiwe na haraka ya kurudi, baba, siko mpweke. Madirisha nimeyafunga yote. Mdogo wako anatetemeka, na mimi mama yake siwezi kukaa namwangalia tu.

Mama yenu